Nani aliiua Mangazeya?

Ilikuwa saa tano na nusu usiku, nimelala chali, simu iko juu ya uso, kidole kinafuata mto. Mto wenyewe unaitwa Taz, uko kaskazini kabisa mwa Siberia, na kwenye picha za setilaiti unajipinda na kujirudia hata hujui kama unakwenda au unarudi. Pembeni ni vidimbwi, msitu mwembamba, vidimbwi tena. Hakuna barabara. Nilikuwa natafuta mji uliowahi kuwa na ngome ya minara mitano, makanisa, forodha, maghala, vilabu vya pombe na bafu za mvuke.

Nilipofika mahali penyewe, juu kidogo tu ya Duara la Aktiki, niliona ukingo wa mto na miti.

Basi.

Mji huo ni Mangazeya. Ulianzishwa mwanzoni mwa karne ya 17, na Warusi wa wakati ule walisema unachemka dhahabu, ingawa dhahabu yenyewe haikuwapo hata chembe. Haikufika miaka themanini ukawa umeachwa.

Ukitafuta habari zake utakuta karibu kila msimuliaji ana hadithi moja: mfalme wa Urusi alifunga njia ya bahari, mji ukafa. Ni hadithi tamu, fupi, na ina mkosaji. Nami niliipenda. Ila kwa wiki kadhaa sasa kuna kitu kinanikereketa ndani yake, kwa sababu miaka haikubali.

## Manyoya

Dhahabu iliyochemka ilikuwa soboli. Ni mnyama mdogo, wa jamii moja na kicheche wetu, mwenye manyoya meusi yenye kung'aa ambayo wakubwa wa Ulaya na Asia waliyagombania. Hazina ya Moscow iliyategemea: yalilipa mishahara, yalikuwa zawadi kwa wafalme wa nje, yalinunua risasi.

Wafanyabiashara walifika Taz kabla ya serikali. Hili ni muhimu. Wapomori, yaani Warusi wa pwani ya Bahari Nyeupe, wavuvi na mabaharia kwa kuzaliwa, walikuwa wakienda huko kununua na kutega kabla mfalme hajajua vizuri huko ni wapi. Mwaka 1600 mfalme Boris Godunov alituma kikosi chini ya Miron Shakhovskoy na Danila Khripunov kwenda kujenga ngome. Vyombo vyao vilivunjika njiani, kisha wenyeji wakawashambulia. Mwaka uliofuata kikatumwa kikosi kingine, na hapo ndipo ngome ikasimama.

Kwa hiyo serikali haikuleta biashara Mangazeya. Iliikuta, ikaweka meza ya ushuru mlangoni.

Wenyeji nao walikuwapo muda wote: Wanenets, Waenets, Waselkup, watu wa kulungu na samaki. Kila mwanamume mzima alitakiwa kutoa kodi ya manyoya kila mwaka. Ili kodi isikose, ngome iliweka mateka. Watu wa koo zinazoheshimika walifungiwa ndani ya kuta, jamaa zao wakija na manyoya wanawaona kuwa wangali hai, kisha wanaondoka. Nimesoma kurasa nyingi za kuisifu Mangazeya, minara yake na ustadi wa maseremala wake, na mateka hawa hupewa nusu sentensi. Mimi naona bila wao hakuna mji.

## Mwezi mmoja baharini

Sasa hiyo njia ya bahari.

Wapomori walikuwa na majahazi yao, yakiitwa koch, yenye tumbo la mviringo ili barafu ikibana isiyaponde bali iyasukume juu. Walitoka bandari ya Arkhangelsk na pwani za jirani, wakapita kwa kuambaa ufuo wa Bahari ya Kara, wakafika rasi ya Yamal. Kuizunguka rasi yote ni kujitafutia kifo, kwa hiyo hawakuizunguka. Waliingia katika mto mdogo, wakapanda nao hadi maziwa ya katikati, wakashusha mizigo, wakaburuta vyombo juu ya ardhi kavu mpaka maji ya upande wa pili, wakateremka hadi Ghuba ya Ob, na kutoka hapo wakaingia Taz.

Hali ya hewa ikiwa njema, safari nzima ilichukua kama mwezi mmoja.

Fikiria unga, vitambaa, sufuria za shaba na shoka zikiingia kwa mwezi mmoja, na manyoya yakitoka vivyo hivyo. Njia nyingine ilikuwa ya kuvuka milima ya Ural, kupitia Tobolsk, makao ya serikali huko Siberia, na mto Ob. Hiyo ilikuwa ndefu, ya tabu, na kila mahali palikuwa na mtu wa serikali mwenye daftari.

Mwaka 1616 liwali wa Tobolsk, Ivan Kurakin, aliandika Moscow kuonya. Alisema kama Wapomori wanafika kirahisi hivyo, Wajerumani watafika pia. Wakati huo kwa Mrusi wa kawaida "Mjerumani" alikuwa karibu kila Mzungu wa magharibi, na hapa waliokusudiwa zaidi ni Waingereza na Waholanzi. Moscow ikapiga marufuku. Wapomori wakalalamika na kuomba, mambo yakalegezwa kidogo, kisha marufuku ikarudi kwa ukali na kufikia mwaka 1620 njia ilikuwa imefungwa kabisa. Adhabu ya kuivunja ilikuwa kifo. Walinzi wakawekwa kule Yamal, mahali pa kuburutia vyombo.

Je, hofu hiyo ilikuwa ya kipuuzi? Nilipoanza kusoma nilidhani hivyo, kisha nikaangalia kalenda. Urusi ilikuwa imetoka tu katika miaka ya fujo. Jeshi la Poland lilikuwa limekaa ndani ya Moscow mpaka 1612. Waswidi waliishikilia Novgorod mpaka 1617. Mfalme mwenyewe, Mikhail Romanov, alikuwa kijana wa miaka kama ishirini. Waingereza na Waholanzi nao walikuwa wameshatumia miongo mingi wakitafuta njia ya kaskazini kwenda China. Willem Barentsz alifia huko mwaka 1597. Mtu aliyeibiwa mara mbili hufunga hata dirisha lisilofunguka.

Lakini nadhani Waingereza ni nusu tu ya sababu. Nusu nyingine ni lile daftari. Baharini hapakuwa na forodha. Manyoya yaliyotoka kwa bahari yalitoka bila kupita mbele ya mtu wa Kurakin, na liwali ambaye mapato yanampita pembeni hakosi kuona maadui upeoni.

## Tarehe zinazokataa

Hapa ndipo usingizi uliponipotea.

Njia ilifungwa kufikia 1620. Mangazeya iliachwa 1672. Katikati kuna zaidi ya miaka hamsini. Kama amri ni kisu, basi marehemu alitembea nusu karne nacho mgongoni, akiuza, akinunua, akijenga upya baada ya moto. Miaka ya 1620 na mwanzo wa 1630, baada ya marufuku, ndiyo iliyokuwa miaka ya pilikapilika. Wawindaji walikuwa bado wanamiminika, na manyoya yalikuwa bado yanahesabiwa kwa maelfu.

Tena kuna kisa kinachoonyesha mji uliokuwa na nguvu za ziada, kiasi cha kuzipoteza kwa upuuzi. Mwaka 1629 Mangazeya ililetewa maliwali wawili kwa pamoja, Grigory Kokorev na Andrei Palitsyn. Nia ilikuwa mmoja amchunge mwenzake asiibe. Haukupita muda wakawa hawasemeshani. Kokorev akashika ngome na askari. Palitsyn akaenda kukaa na wafanyabiashara nje ya kuta. Kisha Kokorev akageuza mizinga na kuupiga mji wake mwenyewe.

Nimekisoma kisa hiki mara kadhaa na bado kinanichekesha na kunikera kwa pamoja. Mahali ambapo jua la katikati ya majira ya baridi huchungulia tu, ambapo kila gunia la unga limesafirishwa maelfu ya kilomita, mabwana wawili wanapigana kwa mizinga kuhusu nani mkubwa. Maduka na nyumba za watu ziliharibika. Wote wawili waliandika barua ndefu Moscow, kila mmoja akimshitaki mwenzake.

Mji unaokufa haupigani hivyo. Wanaopigana hivyo ni watu wanaoamini kuna kitu cha kugombania.

Kilichofuata ni kimya zaidi na hakina barua nyingi. Soboli walikwisha. Waliwindwa kwa mitego na kwa mbwa, mwaka baada ya mwaka, bonde baada ya bonde, mpaka mwindaji akawa anatembea msimu mzima na kurudi na kidogo. Wawindaji wakasogea mashariki: mto Yenisei, kisha Tunguska ya Chini, kisha Lena. Ngome ya Yeniseysk ilikuwa imejengwa 1619, na Yakutsk ikafuata 1632. Sisi tunaijua tabia hii kwa pembe za ndovu: tembo walipopungua karibu na pwani, misafara haikuacha biashara, ilizidi kwenda bara, Tabora, Ujiji, hadi Manyema. Vituo vya nyuma vilibaki na majengo.

Tobolsk nayo ilishindwa kuulisha mji kwa uhakika. Vyombo vya unga vilipaswa kuvuka Ghuba ya Ob, ambayo kwa dhoruba zake ilikuwa kaburi la mabaharia. Mwanzoni mwa miaka ya 1640 shehena zilivunjika na kupotea, njaa ikaingia, na mwaka 1642 moto ukaiteketeza ngome.

Kwa hiyo nikajiambia kesi imekwisha. Soboli. Si mfalme.

Nikalala.

## Kisha Arkhangelsk ikanirudisha

Siku chache baadaye nikawaza juu ya Arkhangelsk, ile bandari ya upande wa pili wa njia ya bahari, na ile hukumu ikalegea.

Kila mji wa biashara ya mnyama mmoja huishiwa mnyama wake. Si lazima ufe. Unaweza kugeuka kuwa kitu kingine: bandari, soko la samaki, mahali pa kutengenezea vyombo, mahali pa kupita. Mangazeya ilikuwa na dalili zote za kugeuka. Wachimbaji wa mambo ya kale walioongozwa na Mikhail Belov, kuanzia mwaka 1968, walifukua karakana yenye vyungu vya kuyeyushia shaba, na madini yake yalionekana kutoka upande wa Norilsk, mji wa migodi wa siku hizi. Norilsk ya viwanda ilianza 1935. Mafundi wa Mangazeya walikuwa wameishika ile shaba mikononi karibu miaka mia tatu kabla.

Walikuwa na mafundi wa ngozi, waseremala, watu waliojua kusoma na kuandika. Ardhi iliyoganda imehifadhi viatu vyao, vitana vyao, na vipande vya sataranji vya kuchonga. Vipande vya sataranji vilikuwa vingi. Watu waliokuwa wanangoja tu kuchuma na kuondoka wasingechonga sataranji nyingi hivyo, au pengine ndio wangechonga, kwa kuwa usiku wa huko ni mrefu. Sijui niuelekeze wapi ushahidi huu, ninaupenda tu.

Ninachoweza kusema ni hiki. Soboli wangekwisha kwa vyovyote, amri au bila amri. Lakini mji ulioishiwa bidhaa hubaki na njia yake, na njia ndiyo hutafuta bidhaa nyingine. Njia ya Mangazeya ilikuwa bahari, mwezi mmoja tu hadi Arkhangelsk, na kutoka huko hadi kwa wanunuzi wa Ulaya. Hiyo ilikuwa imeshafungwa na kuwekewa walinzi kwa miaka mingi, na mabaharia waliojua kila jiwe la njia walikuwa wamezeeka au wamekufa bila kuwafundisha wana wao.

Amri haikuua. Ilichukua akiba, na pengo lake halikuonekana mpaka siku ya njaa.

Kuna ushahidi mmoja unaonigusa zaidi ya hesabu zote. Chini ya nyumba na kwenye njia za mji, Belov na wenzake walikuta mbao za majahazi. Vyombo vilivyofika kutoka baharini vilivunjwavunjwa, ubao ukawa msingi, ubao ukawa sakafu ya njia ili watu wasizame matopeni. Ilikuwa akili nzuri, kwa kuwa mbao zilizokauka ni adimu, na chini ya msingi waliweka pia magome ya mti ili joto la nyumba lisiyeyushe ardhi. Ubao mmojawapo uliofukuliwa umechorwa jahazi kwa ncha ya kisu. Aliyelichora alilijua vizuri, tanga na usukani.

## Kijana aliyepanda juu

Siwezi kuiacha Mangazeya bila kumtaja Vasily, ingawa hahusiki na kesi yangu.

Alikuwa kijana muuza duka, mwajiriwa wa mfanyabiashara, katika miaka ya kwanza kabisa ya mji. Kwa mujibu wa masimulizi ya kanisa, duka la tajiri wake liliibiwa, tajiri akamshuku kwamba ameshirikiana na wezi, akampeleka kwa liwali. Wakamtesa ili akiri. Hakukiri. Akafa mikononi mwao, wakamzika haraka kwenye tope, bila sala.

Karibu miaka hamsini baadaye jeneza likatokeza juu ya ardhi.

Anayejua tabia ya ardhi inayoganda na kuyeyuka hatashangaa sana, kwa maana baridi husukuma juu kila kilichofukiwa, mawe, nguzo, majeneza. Lakini jiweke mahali pa watu wale. Soboli wanapungua, unga haufiki, na kijana aliyeuawa kwa dhuluma siku za mwanzo za mji anarudi kujionyesha. Wakaanza kumwomba. Mwaka 1670 mtawa mmoja aliyeitwa Tikhon akaja akayahamisha mabaki yake hadi monasteri ya Utatu, kule kwenye Yenisei, na mpaka leo Kanisa la Orthodox la Urusi linamhesabu kuwa mtakatifu.

Miaka miwili baada ya mtakatifu kuondoka, liwali naye akaondoka. Wanenets walikuwa wakishambulia mara kwa mara, na askari waliobaki hawakutosha. Mateka walikuwa wamepungua na kodi pia.

## Jina linalohama

Mwaka 1672 serikali ilihamia kwenye kituo cha Turukhan, jirani na Yenisei, na ikaenda na jina lake: Mangazeya Mpya. Baadaye pakaitwa Turukhansk. Pakawa na gulio la kila mwaka, pakachangamka, kisha wafanyabiashara wakapapita pembeni na mji ukasinyaa tena. Hadhi ya mji ikaondolewa katika karne ya 19. Mwanzoni mwa karne ya 20 jina likahama kwa mara nyingine, safari hii hadi kijiji kilichokuwa kando ya ile monasteri, na pale pa zamani pakabaki pakiitwa Staroturukhansk, kijiji kidogo mno.

Turukhansk ya leo imejulikana zaidi kwa uhamisho. Watawala wa kifalme waliwatupa huko wanamapinduzi, akiwemo Sverdlov, na Stalin aliwekwa Kureika, kaskazini zaidi katika wilaya hiyohiyo. Kisha Stalin akaingia madarakani, na wilaya ikaendelea kupokea wahamishwa, wa kwake sasa.

Mto Taz nao unaendelea na kazi. Umeshakula sehemu ya mahali palipokuwa mji, na mwanzoni mwa karne ya 21 wachimbaji walirudi huko kushindana nao wakati wa kiangazi kifupi.

Lakini kinachonishangaza zaidi kiko kaskazini-magharibi ya hapo. Rasi ile ya Yamal, ambako mfalme aliweka walinzi ili chombo kisipite, sasa ina bandari inayoitwa Sabetta. Mwishoni mwa 2017 meli ya kwanza iliyobeba gesi iliyopozwa kuwa kimiminika ilitoka pale, na serikali ya Urusi inajenga meli za nyuklia za kuvunja barafu ili bahari hiyohiyo ibaki wazi kwa meli nyingi iwezekanavyo. Miongoni mwa wateja wakubwa wa gesi hiyo wamekuwa Ulaya, walewale waliozuiwa zamani, na China, ileile waliyokuwa wakiitafutia njia. Novy Urengoy, mji wa gesi ulio magharibi ya bonde la Taz, ulianza 1975 na una watu zaidi ya laki moja. Wafanyakazi wengi wa visima vya huko huja kwa zamu, wanakaa wiki kadhaa, wanapanda ndege kurudi kwao. Visima vya kwanza vya gesi vya eneo hilo vimeshaanza kushuka, na kampuni zinasogea kaskazini zaidi.

Wanenets bado wanahama na kulungu wao Yamal, kusini wakati wa baridi, kaskazini wakati wa kiangazi. Kodi ya manyoya hawadaiwi tena. Ila reli ya kwenda kwenye visima vya Bovanenkovo imekatiza njia zao za malisho, na wakifika hapo na kundi la maelfu ya kulungu inabidi wajue kwanza treni inapita saa ngapi.